Geti la Mzee Sudi Kamanzi Limerudishwa Tu

Babu yetu,

Ni mwaka mmoja sasa tangu uingie katika chumba pekee ambacho hukupata kukiwekea kitasa. Tarehe kumi na nne Novemba 1992, saa tisa alasiri, ulimaliza kunywa chai, ukasema sukari imezidi, ukaegemeza kichwa kwenye kiti chako nyuma ya geti, na hukuamka tena. Bibi Mukasine anasema kuhusu sukari ulikosea. Ameagiza jambo hilo liandikwe mwanzoni kabisa, kabla ya sifa zako.

Tangazo hili halikupelekwa redioni, ambako familia nyingine za Kigali hupeleka ya kwao. Litasomwa hapa uani Nyamirambo kabla ya hitma, mbele ya ndugu na majirani wanaojuana kwa sura na kwa kikohozi. Sababu zipo, na kila aliyeketi mkekani anazijua. Ndani yake yumo mtu mmoja tutakayemwita Bwana wa Ofisi tu. Jina lake analo mwenyewe, alitunze.

Kazi ya kuandika alipewa mjukuu wako Iteka, binti wa mwanao Sibomana, mwenye umri wa miaka kumi na saba, mwanafunzi wa bweni kwa masista. Wakubwa walimpa masharti matatu: asimtanie imamu, asiingize Kifaransa, na ahakikishe majina ya ndugu wote yako mwishoni. La kwanza atajitahidi. La pili ni rahisi. La tatu ndilo lililomtoa jasho, kwa sababu shangazi yake Mutoni, binti yako wa mwisho, alituma neno kutoka Masaka, hapa hapa nje ya Kigali, maneno matatu tu: "Jina langu msiliweke."

Tangazo la kumbukumbu lisilo na jina la mtoto wa kuzaa ni kama kinywa kilichong'oka jino la mbele. Hata kikisema maneno mazuri namna gani, watu watatazama pengo. Kwa hiyo, Babu, tunakueleza hapa jinsi Iteka alivyohangaika na pengo hilo, na wengine wanaruhusiwa kusikiliza.

Watu walikujua kwa vitasa na kwa maneno. Ulirudi kutoka Kampala kijana, ukiwa na tupa moja, bisibisi moja, na Kiingereza ulichojifunza pamoja na ufundi. Ulifungua duka karibu na msikiti, na kufikia wakati Iteka anazaliwa hapakuwa na mlango wa maana kutoka Biryogo hadi Kimisagara ambao hukuwahi kuupigia magoti. Kisha watu wakakuchagua uwe diwani wa sekta, konseye kama tunavyosema, ukakaa barazani miaka kumi na mmoja. Ulikuwa diwani kama ulivyokuwa fundi. Mtu akileta shauri, ulitaka kwanza kuliona kwa upande wa ndani.

Lakini mwalimu wako hakuwa mtu wa Kampala wala wa Kigali. Alikuwa Mwamerika aliyekufa kabla baba yako hajazaliwa. Mbelgiji mmoja aliyefunga biashara akaenda zake alikuachia kasha la chuma, na ndani ya mlango wa kasha kilibandikwa kijitabu cha maisha ya Bwana Josiah Penfield, mwenye kiwanda cha vitasa na mjumbe wa baraza la jimbo la Connecticut. Ulikisoma mpaka kikahamia kichwani. Josiah mtoto wa mhunzi. Josiah na gunia la makufuli mgongoni, akiuza nyumba hadi nyumba katika theluji. Josiah na kiwanda chake kando ya mto. Josiah anachaguliwa, anaingia barazani na viatu vyenye vyuma kwenye soli, na waheshimiwa wenzake wanacheka mlio.

Ulimsimulia kama mtu anavyosimulia habari za kaka yake mkubwa. Iteka alikuwa na miaka minane alipogundua kwamba Mzee Penfield si ndugu yetu. Alilia siku nzima. Alikuwa ameshamwombea dua miaka miwili, na mwalimu wa madrasa alikuwa ameshauliza ni Penfield wa ukoo gani.

Sehemu uliyoisimulia kwa sauti ya chini ilikuwa ya moto. Mwaka 1871 kiwanda kiliungua mchana, na mlango wa chumba kimoja ulikuwa umefungwa kwa nje ili wafanyakazi wasitoke kabla ya saa. Wanawake tisa hawakutoka. Baada ya hapo Penfield alipeleka sheria barazani: mlango wowote wenye watu ndani sharti ufunguke kwa ndani bila ufunguo. Wenye viwanda wenzake waliikataa mara mbili. Mara ya tatu ilipita. Na kila kitasa kilichotoka kiwandani kwake tangu siku hiyo kilikuwa na ulimi mdogo wa chuma upande wa ndani, wa kubonyezwa kwa dole gumba.

Wewe uliuita kikono. Hukuweka kitasa bila kikono, hata mteja akikuambia hakihitajiki. Choo chetu kina kikono. Banda la kuku lina kikono, na kuku hawajawahi kulalamika.

Mei 1990 Iteka alimfungia sista wa nidhamu ndani ya stoo ya mashuka kwa muda wa rozari moja, kwa sababu ambazo wakati ule zilionekana nzuri sana. Ulisafiri mwenyewe kwenda shuleni. Uliomba msamaha kama ilivyopasa, kisha ukamwuliza sista kama aliogopa mle ndani.

"Kidogo," alisema sista.

Ukamgeukia mjukuu wako. "Umesikia? Kidogo."

Hukupiga kelele, na hilo ndilo lililomtisha. Ulimpa bisibisi, ukamkalisha mbele ya ule mlango, akatoboa, akaharibu, akatoboa tena, mpaka kufikia saa kumi stoo ya mashuka ya masista ilikuwa na kikono. Mkiwa mnaagana getini ulimwambia, "Mfungie mtu ukishindwa kabisa kujizuia. Lakini umwachie kikono." Iteka aliona ni maneno ya busara. Aliyaandika ndani ya jalada la daftari la hesabu, na yalikaa humo miaka mitatu bila kumsumbua.

Oktoba ya mwaka huo vita vilianza mpakani mwa Uganda, mji ukasikia risasi, na kuanzia kesho yake watu wakawa wanachukuliwa majumbani. Shangazi Mutoni, fundi cherehani, alichukuliwa kwa sababu ya barua yenye stempu ya Uganda. Barua yenyewe ilihusu zipu. Siku mbili hatukujua amepelekwa wapi. Siku ya tatu Bwana wa Ofisi alikuja dukani na askari wawili.

"Mzee Kamanzi, chukua vyombo. Iko ghala moja njia ya Kanombe, mlango haifungi vizuri."

"Ghala la nini?"

"La maharagwe."

"Siku hizi maharagwe yanatoroka?"

Askari mmoja alicheka. Bwana wa Ofisi hakucheka.

Ulikwenda. Ulirudi adhuhuri ukiwa umebeba vyombo kwa mkono wa kushoto, na mkono wa kulia ukiwa mfukoni. Hukuutoa mfukoni hata chakula kilipoletwa. Bibi alikuuliza, "Umefunga nini huko?" Ukasema, "Mutoni yumo," ukaenda kuketi.

Siku kumi na moja baadaye walimwachia. Hatimaye kuna mtu aliyeisoma ile barua mpaka akafika kwenye zipu. Shangazi hakuja nyumbani. Alikwenda moja kwa moja Masaka kwa rafiki yake Annick, akapeleka watu wamchukulie cherehani, na hakukusemesha tena maisha yako yote. Neno moja tu alituma, kupitia kwa Bibi: "Mwambieni baba anaijua kazi yake."

Sisi wote tulielewa hivi: binti amemwona baba yake mzazi akimfungia mlango, naye hatasamehe. Ulipoulizwa, ulinyamaza. Tukaona kwamba na wewe umekubali.

Kisha wakakufungia wewe, ingawa hawakutumia kitasa. Walikuvua udiwani. Duka likapigwa misumari. Uliambiwa usivuke barieri za askari barabarani, ya juu wala ya chini, na kila Jumatatu ukatie sahihi. Kwa miaka miwili dunia yako ilikuwa hatua ishirini na mbili, kutoka jikoni hadi getini. Iteka alizipima pamoja nawe kila likizo, na kila likizo uliulizia kama zimeongezeka. Na sisi tulifungwa humo humo. Ruhusa ya kwenda, ruhusa ya kurudi, kitambulisho shingoni hata ukienda kununua chumvi, na redio inakusemea kabla hujafungua mdomo. Épiphanie, mama yake Iteka, hakuweza kuvuka kwenda kwao Burundi kumzika mama yake. Alimlilia hapa, nyuma ya tangi la maji, ili majirani wasiulize simu ya msiba imetoka wapi.

Katika miaka hiyo ulianza mambo ambayo tuliyahesabu kuwa ya uzee.

La kwanza, hadithi ya moto ilibadilika. Zamani ulisema mlango wa kiwanda "ulifungwa." Sasa ulisema, "Ufunguo ulikuwa mfukoni mwake. Yeye yuko barazani anahutubia, wenzake wanampigia makofi, na ufunguo uko mfukoni mwake." Ulisema hivyo kwenye chakula, ukasema hivyo kwa kinyozi aliyekufuata uani. Sibomana alikurekebisha mara moja, "Baba, mbona zamani hukusema hivyo?" Ukamjibu, "Zamani nilikuwa naruka ukurasa."

La pili, siku ile ile Mutoni alipoachiwa uling'oa kitasa cha geti. Fundi wa vitasa wa Nyamirambo nzima, geti lake halina kitasa! Lilirudishwa tu, mchana na usiku, na wewe ukaweka kiti nyuma yake.

"Wezi wataingia," Bibi alisema.

"Waingie. Watamkuta mlinzi."

"Mlinzi gani? Mzee wa miaka sabini mwenye pumzi ya paka?"

"Paka huona vizuri."

Na la tatu lilikuwa dogo, hata hatukulitilia maanani. Kila Ijumaa, ukishawaombea wazazi wako na ndugu zako, uliongeza jina la mtu anayeitwa Révérien. Bibi alidhani ni Mwamerika mwingine.

Ulipofariki, Shangazi Mutoni alikuja. Siku tatu za matanga alisimama barabarani, ng'ambo ya geti, kanga kichwani. Alisalimiana na kila aliyetoka. Wapo waliomshika mkono wakimwambia ingia, naye akajibu, "Nitaingia," na hakuingia. Siku ya nne hakuonekana.

Agosti mwaka huu, mkataba wa amani ulipotiwa sahihi kule Arusha na mji ukaanza kupumua kwa tundu moja la pua, Sibomana aling'oa misumari akafungua duka. Iteka alikuwa likizoni. Wiki ya pili akaja mfanyabiashara mmoja, Clovis, na kitasa kikubwa kwenye mfuko wa sukari.

"Nimepanga ghala njia ya Kanombe," alisema. "Funguo imepotea. Mnitengenezee nyingine."

Iteka alifungua skrubu nne, akageuza bamba. Kwenye chuma ziligongwa herufi zako, S.K. Na chini yake, mahali pa chini kuliko ulivyozoea, palikuwa na kikono. Kichwa chake kilikuwa kimepakwa rangi nyeusi, sawasawa na ubao wa mlango, ili mtu anayekagua kwa haraka asikione.

Iteka alirukaruka mpaka akamwaga kopo la mafuta. Alikuwa amepata ushahidi! Babu hakumfungia binti yake; Babu alimwachia mlango wazi, na Shangazi, maskini, hakujua. Kilichobaki ni kumwonyesha tu, na jina litaandikwa. Alimwomba Clovis siku tatu, akamwambia kazi ni ngumu, akakitia kitasa kwenye mkoba wa shule.

Kwenye barieri ya kwanza askari alipapasa mkoba.

"Nini hii?"

"Kitasa, afande."

"Cha mlango gani?"

"Cha choo cha shangazi yangu. Kuna jirani anamchungulia."

"Jirani mwanamume?"

"Ndiyo maana nimeleta kikubwa, afande."

Askari alimwita mwenzake asikie, wakacheka wote wawili, wakampitisha. Kwenye barieri ya pili alirudia, akaongeza umri wa jirani. Akashuka barabara ya Kabuga, akatembea kwa miguu kati ya migomba hadi nyumba ya Annick, akiwa ameshaitunga kichwani aya nzuri ya mwisho ya tangazo hili.

Shangazi Mutoni alikuwa barazani, mguu kwenye cherehani, akishona sare za shule. Iteka hakungoja hata maji ya kunywa. Alikiweka kitasa juu ya meza, kikono juu.

Cherehani ikanyamaza.

"Kumbe ndicho ulichokuja nacho," alisema Shangazi.

"Kina kikono, Shangazi! Tazama, alikipaka rangi. Babu alikuwekea kikono, na wewe hukujua..."

"Yewe Iteka. Mimi nimezaliwa katika nyumba ambayo hata banda la kuku lina kikono. Ulifikiri sijui pa kubonyeza?"

Iteka alikaa chini. Hakuambiwa akae.

"Alipokuwa anakifunga nilimwona kwa ufa," Shangazi alisema, "na yeye aliniona. Mikono inafanya kazi, macho ananitazama mimi. Nikajua amekiweka. Siku ya tatu, mchana, mvua ikapiga mabati, husikii hata mtu wa pembeni. Nikabonyeza. Mlango ukafunguka upana wa kiganja. Nikaona barabara. Nikaona barieri, na askari ameketi juu ya kreti anakula mhindi. Haya, bingwa wa kufungia masista, wewe ungefanyaje?"

Iteka alikitazama kitasa.

"Mimi nikaufunga. Kwa mkono huu. Ningekwenda wapi? Na wangeuliza kitasa kiliwekwa na nani. Nikakaa palepale, mgongo juu ya kikono, siku nane, mtu mwingine asikione. Tulikuwa watu thelathini na wanane mle. Niliwaambia naumwa kiuno. Wakanihurumia, sha Iteka. Wakaniachia nafasi."

Alivuta uzi, akaukata, akauvuta tena bila kazi.

"Kulikuwa na Mzee Révérien, mwalimu, mwenye pumu. Siku ya sita, jua kali, alikosa hewa. Akaniuliza mimi, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa mlangoni. Aliniuliza kwa heshima kabisa: 'Mwanangu, hapo ulipo hakuna hata kiufa?' Nikamwambia hakuna, Mwalimu. Jua halijatua, akafa."

Kuku walipita chini ya cherehani. Annick, aliyekuwa akichambua mboga mlangoni, alisimama akaingia ndani taratibu.

"Wenzangu walikuwa wafungwa," alisema Shangazi. "Mimi baba alinigeuza kitasa. Sasa nendeni mkasome tangazo lenu. Mwandike alikuwa mpole, kwa sababu alikuwa mpole kweli. Ila mimi msiniweke."

Babu, mjukuu wako ana kipaji cha kupata la kusema. Kilimtoa kwenye kesi sita shuleni. Siku ile kilimwacha barazani Masaka, mikono mitupu, na ile aya nzuri ya mwisho ikamfia kichwani. Alipofungua mdomo yalitoka tu mambo ya nyumbani, ovyo ovyo, kama mtu anayemwaga mkoba kutafuta ruhusa yake.

"Révérien," alisema. "Babu alikuwa akimwombea. Kila Ijumaa."

"Nani alimwambia?"

"Sijui. Bibi alidhani ni Mwamerika."

Shangazi alimkazia macho kuona kama ni utani. Haukuwa utani.

"Na ule moto," Iteka aliendelea. "Alibadilisha. Alikuwa anasema ufunguo ulikuwa mfukoni mwa Penfield mwenyewe. Miaka miwili alisema hivyo tu, Shangazi. Alisema zamani alikuwa anaruka ukurasa. Na siku aliyorudi kutoka ghalani alikuwa na mkono mfukoni, akala kwa kushoto. Babu, mtu wa swala! Akala kwa kushoto!"

Shangazi aliushusha mguu kutoka kwenye cherehani.

"Na geti. Aling'oa kitasa siku uliyoachiwa. Akakaa nyuma yake mpaka akafa. Halijafungwa mpaka leo, limerudishwa tu."

"Geti gani?"

"Geti letu. La nyumbani."

"Nilisimama pale siku tatu," alisema Shangazi Mutoni.

"Hukusukuma?"

"Kila aliyetoka alilirudisha nyuma yake, nikajua limefungwa! Nyumba ya fundi wa vitasa, nitasukuma nini?"

Alianza kucheka. Alicheka huku amejifunika uso kwa sare ya mtoto wa watu, mabega yakimtikisika, na ilikuwa muda mrefu kabla Iteka hajatambua kwamba kicheko kilikuwa kimekwisha zamani. Annick alitoka na maji, akayaweka, akarudi ndani.

Jua lilikuwa limeanza kushuka, na Iteka alipaswa kupita barieri kabla ya saa kumi na mbili. Alikirudisha kitasa mkobani. Hakuuliza tena habari za jina. Alikuwa ameshafika kwenye migomba alipoitwa.

"We mwandishi! Niweke. Lakini nisikae peke yangu. Mzee Révérien watoto wake walihama, hana wa kumsomea tangazo. Mweke na yeye. Na uandike kwamba nilikuwa na kikono mgongoni, na niliulizwa, na nilisema hakuna."

"Yote hayo, Shangazi?"

"Yote. Usiruke ukurasa."

Basi hatukuruka, Babu. Kama kuna aliyeketi mkekani anayeona jambo hili halikupaswa kusemwa, chai iko palepale, anywe. Hatukulisema ili tukuhukumu wewe, wala yeye. Waliokufungisha ule mlango wapo, wanalala vizuri, na hawana tangazo la kuandika. Ninyi wawili mliokuwa pande mbili za ubao mmoja ndio mliokosa usingizi.

Wala hatudanganyi kwamba tumefunguliwa. Barieri ya juu ipo na ya chini ipo. Wapo watu waliotualika arusi Gitarama na ruhusa haijatoka. Iteka atarudi shuleni Jumatatu kama njia itakuwa njia. Lakini ndani ya hatua hizi ishirini na mbili tumeona tuanze kufungua tunachoweza kukifikia.

Clovis amerudishiwa kitasa chake, na ufunguo mpya. Iteka alikwangua ile rangi nyeusi, akakiinua kikono mahali pake pa kawaida, akamwonyesha jinsi kinavyobonyezwa. Clovis alisema ghalani mwake hulala maharagwe tu, kikono cha nini. Iteka alimwambia ni desturi ya duka.

Tunakukumbuka ukiwa umepiga magoti mbele ya milango ya watu, msumari mmoja mdomoni, ukituambia tusikuchekeshe usije ukaumeza. Tunakukumbuka ukimpa imamu hadithi za Connecticut mpaka anasahau alichojia. Tunakukumbuka ukiwa na pumzi ya paka, kitini, umegeuza sikio kwenye geti, ukisikiliza nyayo za barabarani. Wakati ule hatukujua unasubiri nyayo za nani.

Wanaokukumbuka ni hawa: mkeo Mukasine, ambaye kuhusu sukari hajarudi nyuma hata hatua moja; mwanao Sibomana, anayekaa sasa kwenye kiti chako cha dukani; mkazamwanao Épiphanie; mjukuu wako Iteka; Bwana Josiah Penfield wa Connecticut, asiye ndugu; na binti yako wa mwisho, Mutoni.

Pamoja nawe tunamkumbuka Mwalimu Révérien, aliyeomba hewa.

Nakala ya tangazo hili ilitangulia Masaka jana, na Annick amejibu kwamba imesomwa yote. Hitma itaanza saa nane. Kiti chako hatujakiondoa.

Hatutakusahau, Babu, maadamu ipo milango. Na geti limerudishwa tu. Shangazi, ukifika, sukuma.